Namna ya Kufundisha Siberia Ukiwa Kigoma

Mwongozo huu nauandika kwa mwalimu wa Jiografia mwenye darasa lililojaa, ubao mmoja na asiye na projekta. Mimi nafundisha Ujiji. Tukifika kwenye matatizo ya mazingira duniani, vitabu vingi vinaipa Siberia aya mbili tatu: eneo kubwa, baridi kali, mafuta, gesi, misitu, uchafuzi. Wanafunzi wananakili, wanakariri kwa ajili ya mtihani, basi. Kwa maoni yangu mada hii inastahili vipindi vinne, viwili kati ya hivyo viwe mfululizo, na mtoto wa Kigoma anaweza kuielewa haraka kuliko watoto wengi hapa nchini kwa sababu amekulia kando ya ziwa lenye kina kirefu.

Mtihani utakuja kwa Kiingereza, najua. Eleza kwanza kwa Kiswahili mpaka uone vichwa vinatikisika, ndipo uwape istilahi watakazoziandika kwenye karatasi.

Kabla hujaingia darasani, amua ni jambo gani moja unataka wabaki nalo. Mimi huwa nataka wabaki na hili: kule Siberia baridi ndiyo iliyoshikilia kila kitu. Imeshikilia misingi ya nyumba, mizizi ya msitu, mizoga ya zamani na kaboni iliyozikwa ardhini tangu enzi za kale. Na baridi hiyo hiyo inafanya uharibifu wa binadamu uchukue miaka mingi mno kupona. Tairi la gari zito likipita juu ya tundra, nyanda za baridi zisizo na miti, wakati wa kiangazi, alama yake inaweza kuonekana miongo kadhaa baadaye. Kila tatizo utakalolitaja kwenye vipindi hivi, lirudishe hapo.

Anza na ziwa

Usitundike ramani ya Urusi kwanza. Uliza darasa: ni ziwa lipi lenye kina kirefu kuliko yote duniani? Wengi watajibu kwa sauti moja kwamba ni Tanganyika, maana ndivyo tunavyojivunia hapa. Waambie la kwetu ni la pili, na la kwanza liko Siberia, linaitwa Baikal. Kelele zitakuwa nyingi. Zitumie, usizizime.

Andika namba ubaoni, safu mbili. Kina: Baikal mita 1,642, Tanganyika mita 1,470. Urefu: kilomita 636 na kilomita 673. Eneo: kilomita za mraba 31,500 hivi na 32,900 hivi. Maji yaliyomo: kilomita za ujazo kama 23,600 na kama 18,900. Waache watazame wenyewe waone jinsi maziwa haya yanavyokaribiana. Yote mawili yamekaa kwenye bonde la ufa, yote ni ya kale mno, Baikal likikadiriwa kuwa na miaka kama milioni 25. Yote yana viumbe visivyopatikana penginepo: sisi tuna samaki wetu wa rangi rangi ambao wageni wanawafuata mpaka Gombe na Mahale, wao wana sili anayeitwa nerpa, anayeishi kwenye maji baridi, yasiyo na chumvi, maelfu ya kilomita kutoka bahari kuu ya wazi. Ukijumlisha maji ya Baikal na ya Tanganyika unapata zaidi ya theluthi moja ya maji yote baridi ya juu ya ardhi duniani ambayo hayajaganda. Hapa simama kidogo. Mtoto wa Katonga anayeteka maji kwa ndoo asubuhi anastahili kulijua hilo.

Kisha onyesha tofauti, maana ukiacha wafikirie maziwa haya ni sawa kila upande utakuwa umewapotosha. Baikal huganda juu kuanzia Januari hadi Mei hivi, na barafu yake inabeba magari. Maji yake yana oksijeni mpaka chini kabisa. La kwetu lina oksijeni tabaka la juu tu, mita mia moja hadi mia mbili hivi kutegemea upo kaskazini au kusini. Chini ya hapo ni maji mazito, yenye virutubisho vingi, yasiyo na oksijeni. Upepo wa kiangazi ukivuma kutoka kusini ndio unaopandisha virutubisho hivyo, na dagaa wanafuata. Maji ya juu yakizidi kupata joto, mchanganyiko huo unadhoofika. Wanafunzi wengi wanakumbuka mwaka 2024 Serikali ilipofunga uvuvi ziwani miezi mitatu, Mei 15 hadi Agosti 15, na wanajua nyumbani walikula nini. Waulize. Darasa litakuwa limeshika kwamba ziwa kubwa kiasi hiki nalo linaweza kuchoka.

Sasa ingia kwenye matatizo ya Baikal. La kwanza ni kiwanda cha kusaga miti kuwa rojo la kutengenezea karatasi na nyuzi, kilichofunguliwa kando ya ziwa mjini Baikalsk mwaka 1966. Wanasayansi na waandishi wa Urusi walikipinga tangu enzi za Kisovieti, wakati ambapo kupinga mradi wa dola halikuwa jambo jepesi. Kilifungwa mwaka 2013. Lakini mashimo ya tope la mabaki yake, yanayokadiriwa kuwa na tani kama milioni sita, yalibaki karibu na ufuko, chini ya milima inayoporomosha matope mvua kubwa ikinyesha. Sisitiza hapa: kufunga kiwanda hakumalizi tatizo la kiwanda. Ajira ziliondoka, tope halikuondoka. Na ziwa lenyewe lina mto mmoja tu wa kulitoa maji, Angara, kwa hiyo inahitajika zaidi ya miaka 300 maji yake kubadilika yote.

La pili ni la aibu zaidi kwa sababu ni dogo na lingeweza kuzuilika. Watalii wameongezeka, nyumba za wageni zimeongezeka, mifumo ya majitaka haikuongezeka. Kando ya vijiji kama Listvyanka mwani wa aina ya spirogira umefunika mawe, na sifongo wa Baikal, viumbe vya kijani vinavyochuja maji, wanaugua na kufa. Watume wanafunzi waangalie mitaro inayoteremka kuelekea ziwani pale Kibirizi baada ya mvua. Wasiandike maoni, waandike walichokiona tu.

La tatu ni joto, na hapa nina kisa ninachokipenda kuliko vyote katika mada hii. Mwaka 1945 mwanasayansi Mikhail Kozhov alianza kupima maji ya Baikal karibu na ufuko wake, kila baada ya siku saba hadi kumi, kiangazi na wakati wa barafu. Alipofariki, binti yake Olga Kozhova akaendelea. Baada yake akaendelea mjukuu, Lyubov Izmesteva. Vizazi vitatu vya familia moja, kamba, chupa na kipimajoto. Mwaka 2008 takwimu zao zilipochapishwa zilionyesha kwamba maji ya juu ya Baikal yamepata joto kwa zaidi ya nyuzi 1 tangu mwaka 1946, kwenye ziwa ambalo watu walidhani ukubwa wake na baridi yake vingelilinda. Kama shule yako ina kipimajoto kimoja kinachofanya kazi, anzisheni daftari. Mahali pale pale, saa ile ile, kina kile kile, kila wiki. Mwachie mwanafunzi wa kidato cha kwanza akabidhiwe na wa kidato cha nne.

Ukubwa, kwa haraka

Sasa tundika ramani. Siberia, ukiihesabu kutoka milima ya Ural mpaka bahari ya Pasifiki, ina kilomita za mraba kama milioni 13, karibu mara kumi na nne ya Tanzania, na watu wake hawafikii idadi yetu. Baba yangu alikuwa mtu wa reli, kwa hiyo mimi hutumia reli: kutoka Dar es Salaam hadi stesheni ya Kigoma ni zaidi ya kilomita 1,200. Kutoka Moscow hadi Vladivostok ni kilomita 9,289. Mwambie mwanafunzi aliyewahi kusafiri kwa treni mpaka Dar awaeleze wenzake uchovu wake, kisha auzidishe mara saba. Dakika tano zinatosha.

Bakuli mbili za tope

Hiki ndicho kipindi kirefu, na kinahitaji maandalizi ya siku mbili. Tafuta bakuli mbili za plastiki zenye kina cha kiganja kimoja. Changanya udongo mweusi wa bustani, mchanga kidogo na majani makavu uliyoyapondaponda. Weka tabaka la tope vidole viwili, juu yake vipande vya barafu, juu yake tope tena, mpaka bakuli lijae. Kwenye bakuli la kwanza simamisha misumari minne ya inchi nne kama nguzo za kibanda, ishuke nusu ya kina tu, isifike chini kabisa. Umbali kati ya msumari na msumari uwe wa kutosha kubeba kiberiti. Halafu omba mtu mwenye friza akugandishie. Mimi huomba akina mama wanaouza samaki soko la Mwanga, na hawajawahi kunikatalia. Toa bakuli asubuhi, zifunge kwenye ndoo yenye maranda ya mbao, bodaboda moja inatosha.

Darasani, chukua viberiti viwili vitupu uvijaze mchanga. Kimoja kiweke moja kwa moja juu ya udongo ulioganda wa bakuli la kwanza. Kingine kiweke juu ya vichwa vya misumari. Bakuli la pili usiweke nyumba. Lifunike kwa nyasi kavu, unene wa kiganja. Toa zote mbili juani, wachague wanafunzi wawili wa kuzilinda, kisha endelea na somo.

Wakati jua linafanya kazi, eleza pemafrosti. Ni ardhi iliyokaa imeganda miaka miwili mfululizo au zaidi, na sehemu kubwa ya hiyo imeganda kwa maelfu ya miaka. Karibu theluthi mbili ya nchi ya Urusi imekaa juu yake. Mjini Yakutsk mfanyabiashara mmoja, Fyodor Shergin, alianza mwaka 1828 kuchimba kisima cha maji. Wakachimba karibu miaka kumi mpaka wakafika mita 116, na bado wakakuta udongo ulioganda. Maji hayakupatikana. Leo shimo hilo ni la kisayansi. Nyumba za ghorofa za mji huo zinasimama juu ya nguzo, na chini yake pameachwa wazi ili upepo wa baridi upite na joto la jikoni lisishuke likayeyusha ardhi.

Waambie Siberia ni friza la samaki. Kilichomo ndani hakiozi, hakinuki, hakisogei, mradi umeme upo. Wanafunzi wote wanajua kinachotokea umeme ukikatika siku mbili na mwenye friza amesafiri. Ndani ya friza hili kubwa la kaskazini, Siberia pamoja na Alaska na Kanada, kuna mabaki ya mimea na wanyama yenye kaboni inayokadiriwa kuwa karibu mara mbili ya ile iliyopo hewani sasa. Ardhi ikiyeyuka, vijidudu vinaanza kuyala mabaki hayo na kutoa hewa ukaa na methani. Gesi hizo zinaongeza joto, joto linayeyusha zaidi. Na joto limefika kweli: Juni 20, 2020, mji wa Verkhoyansk, ulio kaskazini ya mstari wa Aktiki, ulipimwa nyuzi 38. Mji huo huo ulishapimwa zaidi ya nyuzi 67 chini ya sifuri.

Rudini kwenye bakuli. La kwanza litakuwa limelegea, kiberiti kilichokaa moja kwa moja juu ya udongo kimezama upande mmoja. Kile cha juu ya misumari kitasimama kwa muda, kisha nacho kitaegemea, kwa kuwa misumari inashikwa na udongo na udongo umeacha kuwa mgumu. Waache waone bila wewe kusema. Halafu funua nyasi za bakuli la pili. Ndani bado ni gumu. Hapo uliza: nyasi hizi ni nini kule Siberia? Atapatikana mmoja atakayesema ni msitu.

Ni msitu, pamoja na kuvumwani na majani yaliyolala chini yake. Ndiyo maana napenda kufuatisha habari za Batagaika papo hapo. Karibu na kijiji cha Batagay huko Yakutia, jimbo la mashariki mwa Siberia, msitu ulikatwa kwenye karne ya 20, ardhi ikapigwa jua, ikaanza kuporomoka. Leo pana bonde lenye urefu wa kama kilomita moja, na kuta zake zinaendelea kumomonyoka kila kiangazi. Kwenye kuta hizo mwaka 2018 ulipatikana mwili wa mtoto wa farasi aliyekufa zaidi ya miaka 40,000 iliyopita, ngozi na manyoya vikiwepo. Mwanafunzi aliyeona msitu wa miombo ulivyokatwa kuanzia Uvinza kwa ajili ya kuni za kuchemshia chumvi na za mkaa ataelewa upande mmoja wa jambo hili. Upande wa pili, ule wa ardhi yenyewe kuzama, hatuna hapa kwetu, na bakuli ndilo linaloufidia.

Usimwage bakuli siku hiyo. Liache kwenye kona siku tatu lioze linuke. Harufu ile siyo methani, maana methani haina harufu, lakini inaonyesha vijidudu wameanza kazi.

Norilsk: mfano wa kukaa nao

Ukiwa na muda wa mfano mmoja tu wa madini, uwe huu. Norilsk ni mji wa zaidi ya watu laki moja na nusu, kaskazini ya mstari wa Aktiki, hauna barabara wala reli ya kuuunganisha na sehemu nyingine ya Urusi. Ulijengwa kuanzia mwaka 1935 kwa kazi ya wafungwa wa kambi za Stalin, mtawala wa Kisovieti. Una nikeli, shaba, na paladiamu inayofikia kama asilimia 40 ya ile inayozalishwa duniani. Madini yake yana salfa nyingi, na kuyayeyusha kumetoa zaidi ya tani milioni moja na nusu za dioksidi ya salfa kila mwaka kwa miongo mingi. Gesi hiyo ikikutana na unyevu inakuwa mvua ya tindikali. Misitu imekufa kwa makumi ya kilomita upande ambao upepo unaelekea. Kiwanda kikongwe cha nikeli katikati ya mji kilifungwa mwaka 2016.

Ijumaa ya Mei 29, 2020, tangi la akiba la dizeli kwenye kituo cha umeme cha kampuni tanzu ya Norilsk Nickel lilipasuka baada ya nguzo zake kuzama. Zilimwagika tani kama 21,000. Wape wanafunzi hesabu: lori la mafuta linalobeba tani 30, yanahitajika malori mangapi? Watapata 700. Waambie wayapange kichwani kutoka Mwandiga kuelekea Kasulu. Mafuta yaliingia Mto Ambarnaya, yakaugeuza maji rangi nyekundu, na gavana wa jimbo alisema yamefika Ziwa Pyasino, ambalo mto wake unaelekea Bahari ya Kara. Gavana huyo huyo alisema ukubwa wa tukio aliujua Jumapili, kupitia mitandao ya kijamii.

Swali la kukaa nalo ni hili: nani alaumiwe? Kampuni ilisema pemafrosti imeyeyuka. Mamlaka ya ukaguzi ya Urusi ilikuta kasoro kwenye usanifu na ujenzi wa nguzo, pamoja na uangalizi hafifu. Mahakama iliagiza fidia ya ruble bilioni 146, zaidi ya dola bilioni mbili za Marekani, ikalipwa mwaka 2021. Mwalimu mwenzangu, usimruhusu mwanafunzi kuandika "mabadiliko ya tabianchi" kila mahali kana kwamba hakuna mtu aliyekuwa na zamu siku hiyo. Ardhi kweli inalegea. Mwenye tangi alijua amejenga juu ya ardhi gani.

Hapa watu huuliza habari za nikeli ya Kabanga, wilayani Ngara, mkoa jirani. Jibu kwa haki. Ngara haina pemafrosti wala giza la wiki kadhaa mfululizo, hivyo haiwezi kuwa Norilsk kwa sura. Yanayofaa kuulizwa ni yale yale: salfa inakwenda wapi, mabaki yanahifadhiwa wapi, nani anakagua, na wanakijiji wanaonyeshwa ripoti au wanasikia tu.

Kimeta

Hiki usikiruke, maana watoto wa wafugaji watakueleza wewe zaidi ya utakavyowaeleza. Kiangazi cha mwaka 2016, kwenye rasi ya Yamal, joto lilifika karibu nyuzi 35. Kimeta kikalipuka. Zaidi ya reindia 2,000 walikufa, wale wanyama wenye pembe matawi ambao Wanenets wanawafuga, wanawala na kuwavutishia sleji. Watu kadhaa walilazwa, na mtoto wa miaka 12 akafariki. Kimeta hakikuwa kimeonekana eneo hilo tangu mwaka 1941. Maelezo yanayokubalika zaidi ni kwamba mbegu za ugonjwa zilikaa kwenye mizoga iliyoganda, ardhi ikayeyuka, zikatoka. Lakini chanjo ya reindia nayo ilikuwa imesimamishwa mwaka 2007. Mambo mawili kwa pamoja, tena. Mfugaji wa Kasulu au wa Urambo anajua mzoga wa kimeta haupasuliwi, unachomwa au unafukiwa kwa kina. Kule Yamal kufukia kwa kina ni kazi ngumu mno, ardhi haipigiki jembe.

Ongeza jambo moja ambalo ni kinyume cha wanavyotarajia: Novemba 2013, hapo hapo Yamal, mvua ilinyesha juu ya theluji kisha ikaganda. Reindia walishindwa kuvunja ganda la barafu wafikie malisho, na kama 61,000 walikufa kwa njaa. Mvua, ambayo sisi tunaiombea dua, iliwaua.

Haya yapitie

Moto wa misitu mpe dakika kumi. Mwaka 2021 moshi wa misitu inayoungua Yakutia ulifika Ncha ya Kaskazini, jambo ambalo halikuwa limerekodiwa kabla. Moto mwingine huingia kwenye mboji na kufukuta chini ya theluji majira yote ya baridi, ukaibuka tena theluji ikiyeyuka. Na mwaka 2015 Urusi iliweka kanuni iliyoruhusu majimbo yasizime moto wa mbali ikiwa gharama ya kuuzima inazidi hasara inayokadiriwa. Mwulize mwanafunzi hasara hiyo imehesabiwa na nani.

Mafuta ya Samotlor, yaliyogunduliwa mwaka 1965, na gesi inayochomwa hewani kwenye visima. Makaa ya mawe ya Kuzbass, ambako Februari 2019 theluji ilianguka nyeusi. Mabwawa makubwa ya umeme, kama la Krasnoyarsk, ambalo limeufanya Mto Yenisei usigande tena kwa umbali mrefu chini yake na kuleta ukungu. Mlipuko wa tangi la kemikali za nyuklia pale Tomsk-7, Aprili 6, 1993. Haya yaandike kwenye jedwali ubaoni: mahali, rasilimali, madhara. Wanakili, mnaendelea.

Mjadala

Kipindi cha nne gawa darasa makundi matano. Kundi moja ni wafugaji wa Kinenets. La pili ni wafanyakazi wa kiwanda Norilsk, wenye mishahara mizuri na mapafu mabovu. La tatu ni wakuu wa kampuni. La nne ni serikali ya Moscow, ambayo bajeti yake inategemea sana mafuta na gesi. La tano, na hili wape wanafunzi wako hodari, ni wanunuzi wa magari Ulaya na hata Dar es Salaam. Paladiamu ya Norilsk inawekwa kwenye bomba la moshi la gari ili kusafisha hewa ya miji. Hewa ya mji mmoja inasafishwa kwa madini yaliyochafua hewa ya mji mwingine. Kila kundi liseme linapata nini, linapoteza nini, na miaka hamsini ijayo nani atakuwa bado anaishi pale.

Utasikia hoja mbili kila mara. Ya kwanza: kule hakuna watu, kwa hiyo madhara ni kidogo. Mjibu kwa kuwataja wenyeji wa Siberia, Mnenets, Mwevenki, Mkhanti na Msakha, na miji yenye watu laki kadhaa. Ya pili ni nzuri zaidi: Siberia ikipata joto, si watalima? Usiicheke. Kusini ya Siberia msimu wa kilimo kweli unarefuka, na wapo Warusi wanaosema hivyo hivyo. Mwambie mwanafunzi aje mbele, atie kidole kwenye bakuli la kwanza, aseme kama angepanda mahindi hapo, na barabara ya kuyatoa ingepita wapi.

Kusahihisha

Swali langu la insha huwa moja: chagua tatizo moja la mazingira Siberia, eleza chanzo chake cha asili, chanzo chake cha kibinadamu, na kwa nini linachukua muda mrefu kupona. Ninatoa alama kwa mahali palipotajwa jina, mwaka, na mnyororo wa sababu usiokatika, mathalani msitu umekatwa, kivuli kimeondoka, ardhi imeyeyuka, bonde limefunguka. Anayeorodhesha matatizo kumi bila kueleza hata moja simpi zaidi ya nusu. Anayeleta ulinganisho na Tanganyika ninamwongeza, ila sharti ataje pia tofauti, hasa ya oksijeni. Na atakayemaliza kwa kuandika kwamba watu waache kuchimba madini, basi, mrudishie daftari lake aongeze ukurasa mmoja: aache nani, atakula nini akishaacha, na mashimo yaliyokwisha kuchimbwa atayafukia nani.